Kwa unayeanza kliniki ya kifua

Wiki ya kwanza utakuta kila anayekohoa muda mrefu ameandikiwa "pumu" kwenye kadi. Usinakili tu. Pumu huja na kuondoka: usiku kifua kinabana na kulia filimbi, kesho yake mtu yuko shambani. Mzee wa miaka 60 ambaye pumzi imempungua mwaka hadi mwaka bila siku ya nafuu kamili, mfikirie ugonjwa sugu wa kuziba njia za hewa, ule tunaouandika COPD. Spirometa, yaani kipima pumzi, ikiwepo, mpime baada ya kumpa dawa ya kutanua njia za hewa. Hewa anayoitoa sekunde ya kwanza ikiwa bado chini ya asilimia 70 ya pumzi yote, njia zimeziba kweli.

Usiulize sigara peke yake. Akina mama wengi hawajawahi kuivuta, ila wamepikia kuni kwenye jiko lisilo na dirisha tangu wakiwa wasichana. Aliyechimba tanzanite Mererani muulize vumbi la mwamba, maana silika, madini yaliyomo kwenye vumbi hilo, huacha makovu mapafuni na kurahisishia TB kuingia. Na aliyemaliza dozi ya TB anaweza kubaki na mapafu mabovu hata kama wadudu wameisha. Huyu ndiye anayeanzishiwa dozi upya kwa kutazama eksirei tu. Peleka makohozi maabara kwanza.

Sasa inhela, kale kakopo ka dawa ya kuvuta kwa mdomo, ambako ndiko kazi ilipo. Ukimuuliza mgonjwa kama anajua kuitumia, atakuitikia "ndiyo, dokta". Mwambie, "Mama, hebu nioneshe unavyovuta." Wengi hubonyeza kwanza ndipo wavute, dawa inaishia ulimini, na utaona kamvuke kakitokea pembeni mwa midomo. Itikiswe, atoe pumzi, aibane kwa midomo, aanze kuvuta taratibu ndipo abonyeze, aendelee hadi kifua kijae, kisha abane pumzi akihesabu hadi 10. Mtoto hawezi hayo. Mtengenezee chupa ya plastiki ya nusu lita: toboa kitako kwa ukubwa wa mdomo wa inhela, ziba pembeni kwa plasta isivuje, avutie kwenye mdomo wa chupa. Watafiti wa Afrika Kusini waliipima, wakachapisha 1999 kwamba haizidiwi na kifaa cha dukani cha kuvutia inhela.

Salbutamol, ile dawa ya kutanua, inapendwa kwa sababu nafuu yake huja ndani ya dakika. Inhela ya steroidi haioneshi kitu siku ile, basi inabaki kabatini. Lakini uvimbe wa ndani unatulizwa na hiyo, na mwongozo wa kimataifa wa pumu tangu 2019 haukubali mtu mzima kutibiwa kwa salbutamol pekee. Usimfundishe kuzitofautisha inhela kwa rangi tu, viwanda hubadilisha. Asukutue mdomo kila akivuta ya steroidi. Fangasi wakimtokea ulimini, ataitupa.

Kabla hajatoka, tazama dawa zake za presha. Propranolol inaweza kumbana mwenye pumu, na mara nyingi imeandikwa chumba cha jirani.