Anza na Dimo Kolarov

Kwa aliyeuliza aanze na mpigapicha gani wa filamu kutoka Bulgaria: mimi nasema Dimo Kolarov, na nenda moja kwa moja kwenye Koziyat rog, yaani Pembe ya Mbuzi (1972), iliyoongozwa na Metodi Andonov. Ni ya rangi nyeusi na nyeupe. Mchungaji wa mifugo, enzi za utawala wa Waottomani (Waturuki), anauliwa mkewe, kisha anamlea bintiye kama mwanamume ili alipize kisasi. Mazungumzo ni machache mno, kwa hiyo kamera ndiyo inayosimulia: nyuso zilizosogezwa karibu hadi unaona jasho, milima mikavu, jua kali lisilomhurumia mtu. Tazama binti anavyobadilika bila kusema neno. Mimi hapo ndipo huwa nasahau kusoma tafsiri chini ya skrini.

Kabla ya hapo Kolarov alipiga filamu tatu za mwongozaji Rangel Vulchanov, zilizoandikwa na mshairi Valeri Petrov. Kati ya hizo tafuta Jua na Kivuli (1962): kijana na msichana ufukweni mwa Bahari Nyeusi, na hofu ya bomu la atomiki juu yao. Hiyo ni laini zaidi, karibu shairi.