Aliigiza "kama" nani? Namna ya kuandika habari za mwigizaji

SWALI: Naandaa makala kuhusu marehemu Pete Postlethwaite, mwigizaji wa Uingereza. Sentensi yangu ya kwanza inasema: "Muigizaji wa tabia Pete Postlethwaite ameigiza kama Giuseppe Conlon kwenye filamu ya In the Name of the Father." Mhariri ameirudisha bila maelezo. Kosa liko wapi?

JIBU: Yako manne, na zito kuliko yote ni hilo "kama".

"Kuigiza kama" kumeenea mno redioni na magazetini, lakini "kama" ni neno la kulinganisha. Tukisema mtoto anatembea kama baba yake, wametajwa watu wawili wenye mwendo unaofanana. Kwa hiyo anayesoma "Postlethwaite aliigiza kama Conlon" ana haki ya kuelewa kwamba Conlon naye alikuwa mwigizaji, na mwenzake akafuata mtindo wake.

Ukiliondoa "kama" na kuandika "alimwigiza Giuseppe Conlon", sarufi imekaa sawa, ila maana bado inayumba. Kumwigiza mtu ni pia kufuatisha sauti na mwendo wake, mara nyingi kwa kumdhihaki. Conlon hakuwa mtu wa kubuni. Alikuwa mwenyeji wa Belfast aliyefungwa Uingereza kwa kosa ambalo hakulitenda, akafariki mwaka 1980 akiwa bado anatumikia kifungo. Mtu wa namna hiyo hastahili kitenzi chenye harufu ya mzaha. Kobayashi wa The Usual Suspects (1995) ni wa kubuni, hivyo "alimwigiza Kobayashi" haina tatizo. Kwa mtu halisi, andika "alicheza nafasi ya Giuseppe Conlon" au "aliigiza uhusika wa Giuseppe Conlon". "Nafasi" inaeleweka kotekote. "Uhusika" limeshika zaidi kwa watu wa filamu Tanzania, wanaosema fulani "ameuvaa uhusika", na ni neno zuri hasa unapousifu ustadi wenyewe. "Alicheza sehemu ya Conlon" iepuke. Msomaji atauliza sehemu iliyobaki ilichezwa na nani.

La pili ni "ameigiza". Postlethwaite alifariki tarehe 2 Januari 2011. Kiambishi -me- kinamfaa aliye hai, ambaye orodha ya kazi zake bado iko wazi. Wa marehemu imefungwa: aliigiza.

La tatu ni tahajia. Mu- ikikutana na i huwa mw-: mwimbaji, mwindaji, mwigizaji. Hubaki mu- mbele ya u, kama muuzaji na muuguzi. Wingi ni waigizaji.

Sasa "mwigizaji wa tabia". Hapa umebeba maneno ya Kiingereza, character actor, moja kwa moja, na Kiswahili hakikuyapokea. Tabia kwetu ni mwenendo. Msomaji atadhani unamzungumzia mtu anayeigiza adabu za watu. Wengine hukimbilia "mwigizaji msaidizi". Jina hilo linafaa kwa kundi la tuzo: mwaka 1994 Postlethwaite aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kiume kwa nafasi hiyo hiyo ya Conlon. (Usikiache "kuwania". "Aliteuliwa Oscar" haisemi kama alishinda au alishindania tu.) Lakini kulifanya jina la kazi yake yote ni kumpunja. Katika Brassed Off (1996) ndiye Danny, kiongozi wa bendi ya wachimba makaa ya mawe, na filamu nzima inamzunguka.

Anayekusudiwa ni mwigizaji ambaye sura na sauti yake humfanya aaminike akiwa mtu yeyote, na ambaye kwa kawaida si yule ambaye mtaani Tanzania huitwa steringi, yaani shujaa wa filamu, wala si lazima awe adui. Postlethwaite alikuwa mwindaji Roland Tembo katika The Lost World (1997), na alikuwa Lorbeer katika The Constant Gardener (2005), filamu iliyorekodiwa kwa sehemu kubwa Kenya. Lorbeer anaonekana muda mfupi, karibu na mwisho, lakini bila yeye kisa hakifumbuki. Neno moja la Kiswahili lenye kubeba yote hayo halijazoeleka, na si aibu kutumia maneno kadhaa: "mwigizaji wa nafasi mbalimbali", au "mwigizaji hodari wa kuvaa uhusika wa kila aina". Sentensi yako basi iwe: "Pete Postlethwaite, mwigizaji hodari wa kuvaa uhusika wa kila aina, alicheza nafasi ya Giuseppe Conlon katika filamu ya In the Name of the Father (1993)."

Ukifika kwenye kazi zake za jukwaani, jihadhari na "tamthilia". Mwanafunzi wa fasihi analijua kuwa mchezo ulioandikwa, lakini mtazamaji wa Dar es Salaam siku hizi huwaza mfululizo wa kwenye runinga. Ukiandika "mwaka 2008 aliigiza tamthilia ya King Lear", wapo watakaouliza ilirushwa na kituo gani. Taja jukwaa na ukumbi: "alicheza nafasi ya Lear jukwaani, katika ukumbi wa Everyman, Liverpool". Vilevile anayeongoza mchezo au filamu ni mwongozaji. Mkurugenzi mwachie ofisi yake.

Majina ya filamu yaache yalivyo. "Kwa Jina la Baba" itasomeka kama mwanzo wa sala, na anayeitafuta filamu hataipata. Tamthilia zenye tafsiri inayojulikana ni jambo jingine: Postlethwaite alicheza nafasi ya Prospero katika The Tempest ya Shakespeare, na mchezo huo unaweza kuuita Tufani, jina ambalo S. S. Mushi aliipa tafsiri yake.