Kadi ya harusi kwa bosi: umpelekee au uache?

Kwaresima na Ramadhani zikishapita, vikao vya harusi huanza upya, na barua zenu za kuniomba ushauri nazo huja kwa wingi. Safari hii nyingi zinamhusu mtu mmoja: bosi.

Nafanya kazi ofisi ya serikali Dodoma, kitengo chetu tuko watu kumi na mmoja. Mwenyekiti wa kamati anataka mkuu wangu wa kitengo apelekewe kadi ya mchango ya laki tano kwa kuwa "ana uwezo". Mimi naona aibu. Nifanyeje, Anti?

Aibu hiyo ina sababu, isikilize. Kwetu kadi ni mbili: ya mchango inatangulia, ya mwaliko inafuata kwa aliyetoa. Kwa mjomba au rafiki uliyesoma naye haina shida, maana nawe ulishamchangia au zamu yake itafika. Bosi ni habari nyingine. Yeye ndiye anayepitisha likizo yako na kusaini tathmini yako. Akitoa, kila akikuagiza jambo utajiona una deni lake. Asipotoa, hata akikosoa taarifa yako kwa haki utadhani ana lake moyoni. Naye umembana: akitoa kidogo watu watasema, akitoa kingi watasema zaidi.

Kwa hiyo mpe kadi ya mwaliko peke yake. Mwambie mwenyekiti jina lake lisiingie kwenye daftari la ahadi, wala asiongezwe kwenye kundi la WhatsApp la harusi. Hili la kundi nalisisitiza. Saa tatu usiku mhazini anabandika orodha: jina, ahadi, alicholipa, kilichobaki. Hebu fikiria jina la mkuu wako liko la saba, mbele yake pameandikwa "bado 500,000", na chini shangazi yako anaandika, "Tukumbushane wapendwa, siku zimekwisha." Jumatatu utaingiaje ofisini kwake? Akiuliza mwenyewe mbona hajaona kadi ya mchango, mpe namba ya mhazini, na usitaje kiasi.

Kadi mkabidhi mkononi, asubuhi kabla hajaingia kwenye vikao, wiki tatu au nne kabla ya siku yenyewe. Iwe dabo, aje na mwenzi wake. Na wenzako je? Kitengo cha watu kumi na mmoja ni kidogo mno kuchagua. Ukimwalika mkuu peke yake utaonekana unajipendekeza, na ukialika watano, wale wengine watakaa nayo rohoni muda mrefu. Waalike wote, ukibanwa wape singo, wakae meza moja.

Bosi amethibitisha kuja. Akae meza kuu?

Hapana. Meza kuu ina watu wake: maharusi na wapambe wao. Mweke mbele kidogo, pamoja na wafanyakazi wenzako, na uteue mtu mmoja wa kumpokea mlangoni ili asizungukezunguke ukumbini akitafuta kiti. Mtahadharishe MC mapema asimwite kutoa nasaha bila kumwuliza. Wakuu wengi wakishikishwa kipaza sauti huanza kueleza utendaji wako kazini, na bibi yako aliyesafiri kutoka kijijini hakuja kusikiliza hayo.

Nikimwalika bosi, itakuwa rahisi kupata siku za mapumziko?

Usiyachanganye hayo mawili. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 hapa Tanzania inakupa siku 28 za likizo ya mwaka. Zile siku nne za dharura ni za ugonjwa au kifo cha mtoto, au kifo cha mwenzi na ndugu wa karibu, harusi haimo. Maana yake siku za harusi utazitoa kwenye likizo yako ya mwaka, na mwajiri ana kauli kuhusu lini uichukue. Basi omba likizo kwa maandishi mara tarehe inapopatikana, kabla hata kadi hazijachapwa. Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka taarifa ya nia ya kuoana itolewe angalau siku 21 kabla, na kanisani jina hutangazwa Jumapili kadhaa. Kama mnasali pamoja, si vizuri bosi akusikie kwenye matangazo kabla hujamwambia.

Niko Mombasa. Tunafunga nikaha msikitini, kisha walima ya watu wachache nyumbani kwa wazazi. Meneja wangu hotelini si mtu wangu wa karibu. Nikimwacha nimekosea?

Hujakosea chochote. Mwambie mwenyewe, kwa maneno machache: "Ndoa yetu ni ya familia tu, naomba dua zako." Ukirudi kazini peleka halua mle na kahawa, yeye na wenzako wote. Sharti ni moja: iwe ya familia kweli. Ukimwalika msimamizi wako wa zamu na kumwacha meneja, picha zitamfikia kabla ya magharibi.

Shikamoo Anti. Mimi ni dada wa kazi Dar, miaka minne kwa mama mmoja. Naolewa kwetu Singida. Ndugu zangu wanasema nisimwalike, atakuja kuidharau nyumba yetu. Lakini watoto wake nimewalea mimi.

Marahaba mwanangu, na hongera sana. Mwalike. Barua yako imenigusa kuliko zote, kwa sababu wewe ndiye pekee hapa ambaye bosi wake anamjua akiwa mgonjwa, akiwa na usingizi, akiwa analilia nyumbani kwao. Miaka minne umekuwa ukiwapokea wageni wake. Sasa ni zamu yako kumpokea yeye. Nyumba ya wazazi wako haina aibu yoyote. Mama huyo akifika na kukaa kwenye kiti cha plastiki chini ya turubai pamoja na mama yako, wanawe watakuona ukiwa binti wa watu, mwenye ukoo na mwenye kupigiwa vigelegele. Watoto wale wanahitaji kuliona hilo.

Ukimpa kadi, andika na majina ya watoto. Mwambie mapema pa kulala, hata kama ni gesti ya mjini. Mweleze pia kama baada ya ndoa utarudi kazini au la, aweze kujipanga. Na usikubali mchango wake wa harusi uhesabiwe kuwa ndio malipo ya likizo yako: wewe ni mfanyakazi kwa sheria ileile, na siku 28 ni zako pia. Asipokuja, usilie. Safari ni ndefu na huenda ana yake.

Bosi wangu amekuwa akinitongoza mwaka mzima. Nisipomwalika naogopa atanifanyia visa.

Usimwalike. Siku hiyo hupaswi kuwa unamtafuta kwa macho ukumbini kujua amekaa wapi. Kama ofisi nzima imealikwa na yeye peke yake ameachwa, usijieleze kwa mtu. Hifadhi jumbe zake zote, na mwambie mchumba wako au ndugu unayemwamini, usiubebe mzigo huu peke yako. Unyanyasaji kazini umekatazwa na sheria. Ukianza kuonewa, nenda kwa chama chako cha wafanyakazi au Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Nenda mapema, maana malalamiko yana muda wake wa kufunguliwa.

Mimi ndiye bosi, nina duka la vifaa vya ujenzi Mwanza. Kijana wangu wa stoo kaniletea kadi ya mchango. Nitoe ngapi, na niende?

Nashukuru umeuliza, wenzako huwa hawaulizi. Weka kiwango kimoja kwa kila mfanyakazi anayeoa au kuolewa, kijulikane na wote, asiwepo wa kupewa zaidi kwa kuwa anakuchekea. Kisikatwe kwenye mshahara wake baadaye, wala usimkumbushe siku akichelewa kazini. Kwenda, nenda. Fika kwa wakati, kaa walipokuweka, mpongeze mama yake mzazi kwa jina lake, toa zawadi yako foleni ikifika, ule. Muziki ukipamba moto aga uondoke, vijana wako wapate kucheza bila kukutazama wewe kwanza. Na Jumatatu usimtarajie stoo. Likizo yake uwe umeisaini tayari.