Maswali ya wasomaji: Eti Apollinaire aliiba Mona Lisa?

SWALI: Shikamoo mhariri. Nakutana sana na jina la Guillaume Apollinaire, huyu anamuita mshairi, yule anamuita mhakiki wa sanaa, halafu rafiki yangu kaniambia alifungwa kwa kuiba Mona Lisa. Ni nani hasa na nianze kusoma kipi?

JIBU: Marahaba. Kuiba hakuiba, ila mahabusu alikaa kweli. Picha iliibiwa jumba la makumbusho la Louvre, Paris, Agosti 1911, polisi wa Paris wanahaha, na Apollinaire alishawahi kumweka kwake jamaa anaitwa Géry Pieret ambae alikua ameiba visanamu vya kale kwenye jumba hilohilo, viwili vikaishia kwa mchoraji Picasso, basi Septemba wakamdaka wakamtupa gereza la La Santé kama wiki moja hivi. Mwizi mwenyewe, Vincenzo Peruggia, alikuja kukamatwa Florence, Italia, 1913 na picha ikapatikana.

Lakini kinachoniuma ni hiki kisa kumfunika mtu mwenyewe. Kazaliwa Rome 1880, mama yake Mpoland, ukoo wa Kostrowicki, akaja Paris akawa anaandika magazetini kuwatetea kina Picasso, Braque na Delaunay wakati watu kibao wanazicheka picha zao. 1913 akatoa vitabu viwili, Les Peintres cubistes cha uhakiki na Alcools cha mashairi. Kwenye uhakiki usitegemee uchambuzi wa kutulia, jamaa anaandika kama anayewapigania rafiki zake, na mimi ndo napompendea hapo.

Utamu zaidi ni kwamba yale macho ya kuangalia picha aliyahamishia kwenye ushairi. Alcools ikiwa bado kwa mchapaji akafuta mikato na nukta zote, kitabu kizima! Halafu ikaja Calligrammes, 1918, humo kuna shairi la mvua, Il pleut, herufi zinashuka mojamoja mistari mitano imeinama kidogo kama mvua inavyopigwa na upepo. Lingine ni la njiwa aliyechomwa kisu, juu maneno yamechora njiwa na ndani yake majina ya wanawake aliowapenda, chini maneno yanaruka kama maji ya chemchemi, anawauliza rafiki zake waliotawanywa na Vita Kuu ya Kwanza wako wapi, Braque yuko wapi, Max Jacob yuko wapi, Derain mwenye macho ya kijivu kama alfajiri yuko wapi. Mimi pale huwa nasimama kwanza.

Vita hio na yeye alienda, 1916 akajeruhiwa kichwani, akapona, mafua makali yakamuua tarehe 9 Novemba 1918, siku mbili tu kabla mapigano hayajasimama. Alikua na miaka 38.

Anza na Le Pont Mirabeau, liko kwenye Alcools, fupi na linaingia haraka. Ukifika Calligrammes tafuta toleo lenye kurasa za Kifaransa hata kama Kifaransa hujui, maana kuna tafsiri zinayapanga yale maneno kwenye mistari ya kawaida na hapo picha yote imeshapotea.