Maswali ya Wasomaji: Mipaka ya Majimbo ya Ubunge

SWALI: Naishi Nansana, wilaya ya Wakiso. Wilaya ya visiwani ya Kalangala wana watu wachache, lakini wana wabunge wawili wa majimbo na mbunge mwanamke juu yake. Kwa nini viti havigawanywi kwa kuhesabu vichwa?

JIBU: Kwa sababu Uganda jimbo huanza na kaunti, yaani sehemu ya wilaya, ndipo vichwa vihesabiwe. Ibara ya 63 ya Katiba inataka kila kaunti iliyoidhinishwa na Bunge iwe na angalau mbunge mmoja, na jimbo lisivuke mpaka wa kaunti. Kalangala ina kaunti mbili, Bujumba na Kyamuswa. Viti viwili basi ni lazima, hata watu wawe wachache vipi.

Sensa ya 2014 ilikuta Kalangala watu kama 54,000, na Wakiso karibu milioni 2. Kwa majimbo 8 ya Wakiso, kila mbunge alibeba watu wapatao 250,000. Mwenzake wa Kalangala alibeba 27,000. Kura ya mtu wa visiwani ilikuwa na uzito mara tisa ya yako, na una haki ya kuuliza.

Lakini tazama ramani kabla ya kukasirika. Kalangala ni visiwa 84 ndani ya Ziwa Victoria. Bujumba ina kisiwa kikubwa cha Bugala, chenye barabara. Kyamuswa imetawanyika majini: mbunge anayetaka kuonana na wavuvi wa kisiwa kingine hapandi bodaboda, anapanda mtumbwi wa injini, na ziwa likichafuka safari imekufa. Katiba yenyewe inaruhusu idadi ya watu ipishane kwa ajili ya njia za usafiri, sura ya nchi, msongamano wa watu, ukubwa wa eneo na mipaka ya wilaya. Visiwa vinastahili nafuu hiyo.

Tusichoweza kukitetea ni kiti cha mbunge mwanamke. Kila wilaya hupata kimoja, bila kuangalia idadi kabisa. Mama mmoja anawakilisha Wakiso nzima, mwenzake Kalangala nzima. Hapo hakuna ziwa wala mlima wa kusingizia.

SWALI: Wilaya yetu ikigawanywa, tutaongezewa wabunge wangapi?

JIBU: Kwa hakika mmoja tu, mbunge mwanamke wa wilaya mpya. Wabunge wa majimbo hufuata kaunti. Kama kaunti ni zilezile, viti ni vilevile. Miji mikubwa iliyotangazwa 2020 ilihesabiwa kama wilaya kwa jambo hili, ndiyo maana uchaguzi wa 2021 ulikuwa na viti 146 vya wanawake: wilaya 135, Kampala, na miji 10.

SWALI: Parishi yetu iko ng'ambo ya kinamasi, mbali na jimbo tulilopangiwa. Jimbo jirani liko mlangoni petu. Tuanzie wapi?

JIBU: Muulizeni kwanza mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la kijiji, mlolongo kamili wa mahali penu: kijiji, parishi, gombolola (kaunti ndogo), kaunti. Wengi hukosea hapa na kupoteza mwaka mzima. Majimbo yote mawili yakiwa ndani ya kaunti moja, kama Busiro ilivyokatwa kuwa Mashariki, Kusini na Kaskazini, shauri ni la Tume ya Uchaguzi. Jimbo jirani likiwa katika kaunti nyingine, Tume haina uwezo wa kuwahamisha. Anzeni na baraza la wilaya, kisha Waziri wa Serikali za Mitaa, kwa kuwa uamuzi wa mipaka ya kaunti huishia Bungeni.

Barua kwa Tume ipelekeni ofisi yake ya wilaya. Itaje vijiji kwa majina, na iwe na mchoro unaoonyesha kinamasi, daraja na barabara. Wekeni idadi ya watu wa parishi kutoka sensa. Msiandike idadi ya wapiga kura: Katiba inahesabu wakazi wote, hata mtoto mchanga. Kipimo cha watu wa kila jimbo kinapatikana kwa kugawanya watu wa nchi kwa majimbo. Sensa ya 2024 ilihesabu watu milioni 45.9, kwa majimbo 353 ya 2021, ni karibu 130,000 kila moja. Onyesheni kuwa kuhama kwenu kutasogeza majimbo yote mawili karibu na hapo. Kukiwa kunayasukuma mbali, hoja ya kinamasi lazima iwe nzito sana.

Wakati wa kuandika ni baada ya sensa, kwani Tume hutakiwa kupitia upya mipaka ndani ya miezi 12 tangu matokeo yatangazwe. Ikiwakatalia, rufaa huenda kwa baraza la watu watatu walioteuliwa na Jaji Mkuu, kisha Mahakama Kuu, ambayo uamuzi wake ndio wa mwisho.

Mkishinda, badiliko litaanza Bunge lililopo litakapovunjwa. Mpaka siku hiyo mbunge wenu ni yuleyule wa ng'ambo ya kinamasi. Daraja likibomoka, mpelekeeni yeye.