Skyrim inajizima kwenye Steam Deck baada ya kuweka modi

Mdogo wangu wa Mafinga, umeuliza kwa nini gemu ya Skyrim inajizima kwenye Steam Deck yako, ile kompyuta ndogo ya mkononi ya kuchezea gemu, tangu uweke modi (nyongeza za mashabiki zinazobadilisha gemu) arobaini kwa mkupuo. Ziondoe zote, urudi kwenye faili ulilohifadhi kabla yake, kisha uziweke chache chache huku ukicheza kidogo. Ndivyo utakavyomjua mkorofi. Mimi ningeanza kukagua SKSE, programu ya nyongeza ambayo modi nyingi huitegemea: toleo lake lazima lilingane na toleo la gemu, maana Steam (duka la gemu la mtandaoni) ikisasisha gemu, modi zinazoitegemea SKSE zinagoma.

Modi za picha za 4K, zile kali sana zenye mafaili makubwa, achana nazo kabisa. Kioo cha Steam Deck ni pikseli 1280 kwa 800, tofauti huioni, na bando lenyewe unalijua bei yake. Ukija Iringa mjini kwenye waifai, pakua za 1K, ambazo ni ndogo zaidi.