Re: Shemeji amefungwa kwa sababu ni Mbarbaig?

Pole dada kwa shemeji kufungwa, na nimeona unahisi ni kwa sababu ya kabila lake la Wabarbaig. Kama kesi iliendeshwa kwa Kiswahili asichokielewa vizuri, tena bila mkalimani, hiyo ndiyo hoja yenu nzito. Ibara ya 13 ya Katiba ya Tanzania inakataza ubaguzi wa kabila, lakini kulalamika tu kwamba "wamemwonea kwa kuwa ni Mang'ati", jina wanaloitwa Wabarbaig, hakutamfikisha mbali (ingawa hapa Dodoma ng'ombe akipotea tunajua nani hushukiwa kwanza).

Rufaa kutoka mahakama ya mwanzo huenda mahakama ya wilaya ndani ya siku 30. Zikipita, ombeni kuongezewa muda. Chukueni nakala ya hukumu na mwenendo wa kesi (kumbukumbu ya yaliyotokea mahakamani) mapema. Humo ndimo itaonekana kama mkalimani alikuwepo. Hamna pesa ya wakili? Ulizeni halmashauri kuhusu wasaidizi wa kisheria, sheria ya 2017 inawatambua na huduma yao ni bure. Karani msimpe hela bila risiti.